Kutoka Midimu hadi "Muhogo Mchungu"

Tunapozungumza juu ya utamaduni wa taifa letu, aghalabu mawazo yetu hukimbilia ngoma, vinyago, mashairi na mavazi ya jadi. Mambo hayo yote ni mali yetu, na yatupasa tuyatunze. Lakini yuko mtu mmoja ambaye ni nadra kukumbukwa katika mazungumzo hayo, naye ni mwigizaji. Mshairi huacha diwani yake, mchongaji huacha kinyago chake, bali mwigizaji akishashuka jukwaani haachi kitu ila kile kilichobaki katika vichwa vya waliomtazama. Hata sinema, ambayo ingetarajiwa kumhifadhi, mara nyingi imehifadhi sura yake na kulipoteza jina lake.

Katika insha hii twapenda kueleza habari za mwigizaji mmoja wa siku za mwanzo za sinema katika nchi yetu. Ni mtu ambaye kila mwanafunzi wa Tanzania amelisikia jina lake, ila wachache wanajua kwamba aliwahi kuwa mwigizaji. Sisi wenyewe hatukuzipata habari zake vitabuni kwanza. Zilitufikia kwa njia ya aibu tulipokuwa wanafunzi, na kwa hiyo hapana budi tuanze na aibu hiyo.

Tulizaliwa na kukulia katika vijiji vilivyo kati ya Nachingwea na Ruangwa, mahali ambapo mtu akitoka nyumbani hutembea chini ya mikorosho mpaka afike kwa jirani. Mwaka 1986 tulikuwa wanafunzi wa sekondari, na mwezi wa Oktoba shule yetu ilifanya siku ya wazazi. Tuliagizwa kuandaa kichekesho. Vijana wanane tukakaa chini ya mwembe, na haikutuchukua hata nusu saa kukubaliana juu ya kisa. Kisa chenyewe kilikuwa cha mtu wa shamba anayekwenda mjini. Amevaa kikoi kilichopauka, amebeba kuku katika tenga, na Kiswahili chake kimechanganyika na Kimwera. Akifika mjini anaiamkia sanamu iliyovishwa nguo dukani, akidhani ni mtu. Usiku anajaribu kuizima taa ya umeme kwa kuipuliza. Mwisho tapeli anamlaghai fedha zake zote, naye anarudi kwao akilia. Hatukumpa jina. Katika karatasi yetu tuliandika tu "Mshamba".

Siku ilipofika ukumbi mzima ulicheka. Walimu walicheka, wageni wa heshima walicheka, na sisi jukwaani tulivimba vichwa. Katika kicheko hicho hatukutambua kwamba miongoni mwa wazazi alikuwapo babu wa mmoja wetu, ambaye sote tulikuwa tukimwita babu. Alikuwa ametoka kijijini, upande wa Ruangwa, kwa baiskeli tangu alfajiri. Alikuwa amevaa kikoi. Chini ya kiti chake aliweka tenga, na ndani ya tenga alikuwamo kuku aliyetuletea. Wanafunzi wa mstari wa mbele walipogeuka wakamwona, walicheka kwa mara ya pili, na safari hii hawakuwa wakitutazama sisi.

Babu naye alicheka. Hakuondoka mpaka mwisho, na makofi alipiga pamoja na wengine. Jioni tulipomsindikiza hadi barabarani alitukabidhi yule kuku, kisha akasema, "Wajukuu zangu, mnajua kuigiza. Hata mikono yenu inasema. Lakini yule mtu mliyekuwa mkimwiga, jina lake nani?" Tukamjibu kwamba hana jina, ni mshamba tu. Akanyamaza kidogo, halafu akasema, "Basi ndiyo maana hamkutuambia alikwenda mjini kufanya nini." Akapanda baiskeli yake, akaenda zake.

Maneno hayo yalituuma kuliko fimbo. Ni kweli kwamba hatukujua mtu wetu alikwenda mjini kufanya nini. Hatukuwa tumejiuliza. Tulimpeleka mjini ili achekwe, basi. Likizo ya Desemba ilipofika tulikwenda kwa babu kumtaka radhi. Tukamwamkia, akaitikia, akatukaribisha mkekani, lakini radhi yetu hakuipokea wala hakuikataa. Badala yake alianza kutusimulia juu ya michezo miwili aliyoiona katika maisha yake: mchezo wa midimu na mchezo wa sinema ya gari.

Juu ya midimu hatukusudii kueleza mengi, maana yako mambo ambayo wazee wameyahifadhi, na mtu aliyepita jandoni hapaswi kuyatawanya. Itoshe kusema yale ambayo kila mtu huyaona uwanjani. Katika nchi yetu ya kusini, kwa Wamakonde, Wamwera na majirani zao, vijana wanapotoka jandoni au wali wanapotoka unyagoni, mdimu huingia uwanjani akiwa amevaa kinyago usoni na kufunikwa mwili wote kwa nguo. Pengine hutembea juu ya magongo marefu, akapita juu ya vichwa vya watu. Kinyago chaweza kuwa cha mzee, cha bibi kizee, cha mnyama au cha mtu mwenye cheo. Mdimu aghalabu hasemi. Husimulia kwa bega, kwa goti, kwa namna ya kuinamisha shingo, na watazamaji wanaelewa kila kitu. Babu alituambia kwamba mtu hakupewa kinyago cha mzee kabla hajajifunza namna mzee anavyokaa, anavyoinuka na mahali panapomuuma. Alikuwa na haki ya kumchekesha mzee yule, tena watu walicheka sana, lakini kwanza alitakiwa amjue.

Wageni wengi walioandika zamani juu ya nchi zetu walidhani kwamba uigizaji ni jambo lililoletwa na shule za kikoloni. Dhana hiyo si kweli. Shule zilileta jukwaa lenye pazia, maandishi ya kukariri, na michezo ya Kiingereza ambayo wanafunzi waliicheza bila ya kuielewa sana. Kutokana na michezo hiyo vilizaliwa vichekesho vya Kiswahili, vilivyokuwa vifupi na visivyoandikwa, na vilivyopendwa mno. Lakini vilizaliwa na ugonjwa. Aliyechekwa humo mara nyingi alikuwa Mwafrika ambaye hajapata kwenda shule, asiyejua viatu, uma wala taa. Kwa hiyo kisa tulichodhani tumekitunga chini ya mwembe hatukukitunga. Tulikirithi, tena kutoka kwa watu ambao tulikuwa tumefundishwa kuukataa utawala wao.

Tuje sasa kwenye sinema ya gari. Babu alikuwa kijana wakati wa mpango wa karanga. Wasomaji wengi wanafahamu kwamba mwaka 1947 serikali ya Uingereza ilianzisha Tanganyika mashamba makubwa ya karanga, huko Kongwa, Urambo na Nachingwea, ili kupata mafuta ya kula baada ya vita. Matrekta yaling'oa misitu, reli ikajengwa kutoka pwani hadi Nachingwea, na bandari ikaanzishwa Mtwara. Karanga hazikustawi kama ilivyotazamiwa. Mwaka 1951 mpango ulivunjwa, baada ya fedha za Waingereza zipatazo pauni milioni 36 kupotea, na reli yenyewe ikang'olewa katika miaka ya 1960. Babu alikuwa mmoja wa vijana waliofyeka misitu hiyo kwa mshahara. Alituambia kwamba jioni moja lilifika gari la serikali lenye mashine ya umeme. Kitambaa cheupe kikatundikwa kati ya miti miwili, watu wakakaa chini, wengine wakakaa upande wa nyuma wa kitambaa, na picha zikaanza kutembea.

Picha zile hazikusema. Aliyesema alikuwa kijana mmoja Mwafrika aliyesimama pembeni na kipaza sauti mkononi, akiyaeleza mambo kwa Kiswahili. Picha ilipomwonyesha mtu anaosha mikono, yeye alimsemea. Watu walipochoka na mafundisho ya mikono, aliongeza utani wake mwenyewe, na watu wakarudi kucheka. Babu hakukumbuka hata jina la sinema moja, lakini kijana wa kipaza sauti alimkumbuka mpaka namna alivyokohoa. "Wale wa kwenye kitambaa walikuwa midimu," alituambia. "Na yule wa pembeni alikuwa mpiga ngoma wao."

Baadaye tulikuja kujifunza kwamba maneno ya babu yalikuwa na ukweli mkubwa wa historia. Sinema ilizaliwa Ulaya na Marekani mwishoni mwa karne ya 19, na kwa muda wa miaka thelathini na zaidi ilikuwa bubu. Waigizaji wa wakati ule walitoka jukwaani, ambako sauti ilikuwa nusu ya kazi yao, wakalazimika kujifunza upya kusema kwa macho na kwa viungo. Katika pwani yetu watu waliijua sinema bubu mapema. Mwaka 1921 mfanyabiashara Hassanali Adamjee Jariwalla alifungua jumba la Royal Theatre mjini Unguja. Sinema zenye sauti zilipoenea miaka ya 1930, mijini picha bubu zikasahauliwa. Vijijini mambo yalikuwa mengine. Idara ya filamu ya makoloni, iliyoanzishwa na Waingereza mwaka 1939, iliendelea kutengeneza filamu bubu kwa ajili ya Afrika, na kuwaachia wasimulizi wa magari kazi ya kuzipa lugha. Basi enzi ya sinema bubu, ambayo vitabu vingi huifungia mnamo mwaka 1930, kwetu Nachingwea iliendelea miaka mingi baadaye.

Tena filamu hizo hazikuwa zote za kigeni. Kuanzia mwaka 1935 hadi mwaka 1937 yalikuwako majaribio ya kutengeneza filamu katika nchi yetu yenyewe, huko Vugiri, katika milima ya Usambara. Jaribio hilo liliitwa Bantu Educational Kinema Experiment. Viongozi wake walikuwa Waingereza L. A. Notcutt na G. C. Latham, na fedha nyingi zilitolewa na shirika la Carnegie la Marekani. Zilitengenezwa filamu 35 hivi, juu ya kilimo, afya, kodi na kadhalika. Picha zilipigwa bila sauti, na maneno yakawekwa katika sahani za santuri kwa lugha mbalimbali, mojawapo ikiwa Kiswahili. Gari likazunguka nazo Tanganyika, Kenya, Uganda na nchi za kusini yake. Moja ya filamu hizo ilihusu akiba ya Posta: mtu mmoja anafukia fedha zake ardhini zikaibiwa, na mwenzake anaziweka Posta zikamfaa.

Waigizaji wa filamu hizo walikuwa Waafrika. Hawakuwa na shule ya uigizaji, wala hawakuwa na mfano wa kuiga katika sinema, maana watu wa namna yao hawakuwa wamepewa nafasi hiyo kabla. Hao ndio waigizaji wetu wa kwanza wa sinema bubu, lakini ni nani kati yetu anayeweza kumtaja hata mmoja? Majina ya mabwana waliosimama nyuma ya kamera twayajua. Aliyefukia fedha na kuibiwa tunamjua kama mjinga, na aliyekwenda Posta tunamjua kama mwerevu. Swali la babu juu ya Mshamba wetu lingeweza kuulizwa huko Vugiri pia.

Mwigizaji ambaye jina lake halikupotea alitokea baada ya miaka kumi na mitano hivi. Tulimjua tuliporudi shuleni Januari na kumweleza mwalimu wetu wa historia mambo yote tuliyosimuliwa. Mwalimu alitusikiliza, akacheka, akasema, "Basi mtu wa shamba mashuhuri kuliko wote katika sinema za Tanganyika ninyi mnamjua. Picha yake iko magazetini." Tulikataa kusadiki alipomtaja. Alikuwa ni Rashidi Mfaume Kawawa, ambaye wakati ule alikuwa Katibu Mkuu wa Chama Cha Mapinduzi.

Kawawa alizaliwa wilaya ya Songea mwaka 1926, mtoto wa mwindaji wa tembo. Masomo yake ya kwanza aliyapata Liwale, wilaya inayopakana na Nachingwea, kisha akasoma Dar es Salaam, na hatimaye Tabora, katika shule iliyotoa viongozi wengi wa nchi hii. Alipomaliza aliajiriwa serikalini, kwanza kama karani wa hesabu, halafu katika kazi za ustawi wa jamii. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali ya Tanganyika ilishirikiana na kampuni moja ya filamu ya Afrika ya Kusini kutengeneza filamu za hadithi kwa Kiswahili, zikichezwa na Waafrika. Miongoni mwake ziliitwa "Chalo Amerudi" na "Muhogo Mchungu". Katika "Muhogo Mchungu" Kawawa alikuwa mwigizaji mkuu. Alicheza nafasi ya mtu wa shamba anayefika mjini na kuhadaika.

Tutafakari kidogo jambo hili. Aliyechaguliwa kuwa mjinga wa kuchekwa alikuwa ni mmoja wa Waafrika wachache wa wakati ule waliopata elimu ya Tabora. Aliujua mji, aliijua ofisi, aliijua na lugha ya watawala. Lakini pia alikuwa mtoto wa mwituni, aliyekulia katika nyika za Songea na Liwale, ambako watu wengi walikuwa hawajauona mji. Alipomwigiza mtu yule alikuwa akimwigiza mtu wa kwao. Sisi vijana wanane tulifanya kazi ileile. Tofauti ni kwamba yeye alikuwa akicheza hadithi ya mtu mwingine, ya kampuni na ya serikali iliyokuwa na sababu zake. Siku zile watawala walikuwa na hofu ya vijana wanaohamia Dar es Salaam, wakawaita wahuni na kuwarudisha makwao. Hadithi ya mshamba anayeumbuka mjini iliwafaa sana. Hofu hiyo sisi hatukuwa nayo, wala hapakuwa na mtu aliyetulipa. Tulimcheka babu bure.

Hata hivyo watu walioziona filamu za Kawawa walimpenda. Twadhani sababu yake si ngumu kuiona. Kwa mara ya kwanza mtu mweusi alionekana juu ya kitambaa cheupe akiwa ni mhusika mkuu mwenye tamaa, woga na matumaini. Alizungumza lugha wanayoijua, na wala hakuwa mpagazi wa Mzungu anayepita nyuma ya simba. Watengenezaji wa filamu waliweza kuamua mwisho wa hadithi, bali hawakuweza kuamua watazamaji wamwonee huruma nani. Mwigizaji mwenye moyo hupenyeza katika kazi yake jambo ambalo halikuandikwa.

Na jina lenyewe la filamu latupa la kufikiri, hasa sisi watu wa kusini. Mgeni akisikia muhogo mchungu hufikiri kitu cha kutupwa. Kwetu muhogo mchungu haukutupwa kamwe. Tuliupanda kwa sababu nguruwe mwitu hawaupendi. Ukishavunwa humenywa, hulowekwa, huanikwa juani mpaka ukawa makopa, kisha hutwangwa ukawa unga, na katika miezi ya njaa ndio uliookoa nyumba nyingi. Kinachotakiwa ni mtu anayejua kuutengeneza. Asiyejua hudhurika, kisha huulaumu muhogo.

Maisha ya Kawawa kama mwigizaji yalikuwa mafupi. Katika miaka ya vita vya Mau Mau alitumwa kufanya kazi ya ustawi miongoni mwa Wakikuyu waliozuiliwa katika nchi yetu. Mwaka 1955, shirikisho la vyama vya wafanyakazi wa Tanganyika lilipoundwa, alikuwa katibu mkuu wake wa kwanza, na muda mfupi baadaye akaiacha kazi ya serikali. Mwezi wa Januari 1962, Mwalimu Nyerere alipojiuzulu uwaziri mkuu ili aende kukijenga chama, Kawawa ndiye aliyeshika nafasi yake. Baadaye akawa Makamu wa Rais, kisha tena Waziri Mkuu kuanzia mwaka 1972 hadi 1977. Wananchi walimwita Simba wa Vita. Alifariki dunia tarehe 31 Desemba 2009.

Hatudai kwamba sinema ndiyo iliyomfanya kiongozi. Wako waigizaji wengi hodari ambao hawakuongoza hata kijiji, na wako viongozi ambao hawajui kuigiza. Lakini twaona haya kwamba katika hotuba na vitabu vya shule uigizaji wake hutajwa kama mzaha wa ujana, kama hutajwa kabisa. Kwa nini? Kwa sababu bado tuna fikira kwamba kuigiza ni mchezo wa watu wasio na kazi. Mtu aliyepata kusimama mbele ya kamera akajifunza anavyoonekana mtu mnyonge, anavyotembea, anavyonyamaza anapodhulumiwa, mtu huyo amepata somo ambalo Tabora halikufundishwa darasani. Kama lilimsaidia baadaye alipowasemea makuli na makarani wa Tanganyika, yeye mwenyewe ndiye aliyejua. Sisi twasema tu kwamba somo hilo lilikuwapo.

Turudi kwenye kichekesho chetu. Mwezi wa Juni 1987 tulipewa nafasi ya kukicheza tena. Safari hii tulikaa chini ya mwembe uleule kwa muda wa wiki mbili. Mtu wetu tulimpa jina: Selemani wa Mnacho. Tukamtafutia sababu ya safari. Anakwenda mjini kufuatilia malipo ya korosho zake, ambazo alikwisha kuzipima na kupewa stakabadhi, lakini fedha zake hazionekani. Kikoi tulikiacha, kuku tulimwacha, Kimwera tulikiacha. Taa pia anaipuliza, nao watu wakacheka kama mwanzo. Ila anapofika mbele ya karani na kuambiwa aje kesho, Selemani anakaa chini sakafuni, anaifunua stakabadhi yake taratibu, anaiweka mezani, na hasemi neno. Karani anasema, anasema tena, anapandisha sauti, anashusha, anatafuta kalamu ambayo iko sikioni mwake. Selemani anamtazama tu. Onyesho hilo lilikuwa bubu kwa upande wake, nasi tulilifanya hivyo kwa kukumbuka midimu.

Ukumbi ulicheka tena, lakini kicheko kilikuwa kimehama. Baadhi ya wazazi walisimama. Baada ya mchezo mkubwa mmoja alituita akatushauri kwamba onyesho la karani liondolewe, kwani laweza kueleweka vibaya. Tulimshukuru kwa ushauri wake, na onyesho hatukuliondoa, lakini pia hatukupewa nafasi ya kucheza mara ya tatu. Babu hakuja siku ile. Ulikuwa msimu wa kufyekea mikorosho. Tulipomsimulia aliuliza jambo moja tu: "Selemani alilipwa?" Tukamwambia kwamba mchezo unaishia kabla ya kulipwa. Akasema, "Hapo sasa mmemjua."

Tangu wakati ule nchi yetu imepiga hatua katika sanaa hii. Mwaka 1962 iliundwa wizara ya utamaduni wa taifa na vijana, na mwaka 1968 likaanzishwa shirika la filamu la taifa. Mwaka 1985 ilitoka "Arusi ya Mariamu", iliyoongozwa na Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill, ambamo maisha na tiba za jadi vilionyeshwa kwa heshima. Nachingwea yetu nayo ilipata kuwa jina la filamu. Mwaka 1975 Dragutin Popović wa Yugoslavia alitoa filamu iliyoitwa "Nachingwea", juu ya kambi ambayo wapiganaji wa FRELIMO walijifunzia. Katika kambi hiyo watu wa makabila mengi ya Msumbiji walifundishana ngoma zao, na ngoma hizo zikawa sehemu ya mapambano. Siku hizi vijana wanapiga picha za sinema kwa simu zilizomo mifukoni mwao, na mtu wa Ruangwa aweza kuonekana Dar es Salaam dakika ileile anapocheza.

Lakini wingi wa picha si dawa ya ugonjwa tuliousema. Tazameni michezo mingi ya siku hizi, na bado mtamkuta mtu yule wa kikoi na tenga akiipuliza taa, bado hana jina, na bado hatuambiwi alikwenda mjini kufanya nini.

Basi twawaomba walimu mambo mawili. La kwanza, wanafunzi wanapoandaa mchezo, waulizwe lile swali la babu kabla ya kugawiwa nafasi: mtu huyu jina lake nani, na anatafuta nini? Swali hilo halipunguzi kicheko. Humfundisha mwanafunzi kumjua mtu kabla ya kumcheka, na hiyo ni nusu ya elimu yote. La pili, kila shule iwe na daftari la waigizaji wa mahali pake. Waandikwe waliocheza midimu hadharani, kadiri mila inavyoruhusu. Waandikwe waliosimama pembeni ya magari ya sinema na vipaza sauti. Waandikwe waliochekesha katika siku za wazazi. Wazee wanaowakumbuka wanapungua kila masika. Watu wa Vugiri tumekwisha kuwapoteza, na hatuna haki ya kuwapoteza hawa pia.

Sisi tumeanza na daftari letu. Ukurasa wa kwanza una majina ya vijana wanane, tarehe mbili, na jina la mtu mmoja ambaye hakuishi ila jukwaani, Selemani wa Mnacho. Ukurasa wa pili tumeanza kuwauliza wazee wa Nachingwea na Ruangwa jina la yule kijana wa kipaza sauti.